Uzi wa Mafundo Mia Tatu

“Fundo usilolifunga, usilifungue.” Ndivyo alivyowaambia mama yenu leo asubuhi, na alikuwa na haki ya kusema zaidi ya hapo. Mmeona kamba imefungwa kwenye nguzo ya zizi, mkaona haina kazi, mkaifungua mkaifanya bembea. Sasa mbuzi wamemaliza maharage ya jirani, nanyi mmekuja kuuliza methali imetoka wapi, kana kwamba mkijua ilikotoka maharage yatarudi shambani. Haya, kaeni. Wewe uliyevimba shavu, geuka upande huu, sikio lililo zima ndilo ninalolitaka.

Methali hii ilizaliwa hivi.

Kulikuwa na bonde likiitwa Lukumbe. Juu ya bonde palikuwa na ziwa, na kati ya ziwa na bonde palikuwa na ukuta wa chuma cheusi. Watu wa Lukumbe hawakuujenga ukuta huo, waliukuta. Waliowatangulia nao waliukuta. Uliachwa na watu walioitwa Wakale, mafundi wa chuma kisichoshika kutu, ambao walikwisha zamani sana, hata mifupa yao ikawa udongo, udongo ukafinyangwa vyungu, vyungu vikavunjika, na watu wakalima juu ya vigae.

Ukuta ulikuwa na lango, na lango halikuwa na komeo wala ufunguo. Lilikuwa na sikio. Hilo lilikuwa bamba la chuma, pana kama ungo, lenye tundu katikati. Ziwa likijaa kupita alama, mtambaji wa hadithi alipanda juu, akaweka mdomo kwenye tundu, akalisimulia sikio hadithi ya Wakale neno kwa neno, mistari mia tatu. Kila mstari ulipokwenda sawa, ndani ya ukuta kitu kiligonga mara moja, ko. Mistari yote ikitimia, lango lilifunguka lenyewe, maji yakatokea nyuma ya mlima na kwenda kupotelea jangwani. Mstari mmoja ukipinda, ukuta ulinyamaza, nawe ukaanza upya. Wakale hawakuuamini ufunguo, kwa sababu ufunguo huibwa. Waliiamini hadithi. Kwa hilo walikuwa na akili, lakini nusu.

Ziwa lilijaa namna hiyo mara moja tu katika umri wa mtu, pengine isifike hata hiyo moja. Basi ili hadithi isipotee, kila mwaka baada ya mavuno mtambaji aliitamba yote uwanjani, mchana kweupe, watu wote wakisikiliza. Nyuma yake aliketi mshika uzi. Uzi wenyewe ulikuwa wa katani, una mafundo mia tatu, fundo moja kwa kila mstari. Mtambaji akisema mstari, mshika uzi alipitisha fundo moja kati ya vidole. Akiruka mstari, fundo lilibaki vidoleni, na mshika uzi alimvuta nguo arudi nyuma. Kumsahihisha kwa mdomo ilikuwa mwiko. Mtambaji alivutwa tu, kama ng’ombe.

Siku zile mshika uzi alikuwa mwanamke aitwaye Kalunde, na mtambaji alikuwa mdogo wake, Mihayo. Mama yao alifariki Mihayo akiwa bado anatambaa, Kalunde akamlea kwa mgongo wake mwenyewe, na tangu hapo alikuwa na ugonjwa mmoja: hakuweza kumnyima kijana yule kitu. Bibi Nyanzala, aliyewafundisha wote wawili kazi hiyo, alikuwa amekwisha kufa.

Na Mihayo alikuwa fundi. Alipotamba vita vya jitu, wazee walishika fimbo zao. Alipofika kwenye harusi ya binti wa mvua, hata wanaume wenye ndevu walijipangusa macho wakisingizia vumbi. Lakini kati ya vita na harusi palikuwa na mistari arobaini ya majina. “Ngolo wa Sita alibeba jiwe, hakurudi. Kabula wa Mhoja alishika taa, hakurudi. Masele wa Ndaki alichimba, hakurudi.” Hivyo hivyo mpaka arobaini. Nani alikuwa Ngolo, nani Kabula, hakuna aliyejua. Watu walipaita mahali hapo Mtaa wa Usingizi. Mtambaji akiingia pale, wanaume waliegemea, watoto walikwenda kukojoa, wanawake waliulizana habari za ndoa za wenzao.

Mwaka mmoja siku ya kutamba iliangukia siku ya harusi ya Minza, binti wa pekee wa Kalunde. Alikuwa anaolewa Mabondeni, mtaa wa chini kabisa, ule uliokaa miguuni pa ukuta, kwenye udongo mweusi unaootesha hata fimbo. Asubuhi Mihayo alimfuata dada yake uani, akamkuta anapepeta ulezi.

“Dada, leo bwana harusi atasimama juani, na mimi nitakuwa namweleza nani alibeba jiwe.”

“Ndivyo inavyosemwa.”

“Inasemwa kwa nani? Mzee Sayi anakoroma kuanzia jina la tatu. Mwaka jana alikoroma hadi wageni wakadhani ni sehemu ya hadithi.”

Kalunde akacheka, na akicheka alikuwa ameshindwa nusu. “Mafundo yapo arobaini, Mihayo. Yakinibakia vidoleni nitakuvuta, na kila mtu ataona.”

“Basi yafungue. Mwaka huu tu. Mwakani utayafunga tena, una vidole, huna kwato.”

“Bibi Nyanzala angesemaje?”

“Bibi Nyanzala hana binti anayeolewa leo.”

Kalunde akatazama ndani, ambako shangazi wa bwana harusi walikuwa wanampaka Minza mafuta na kumkejeli eti ana miguu ya korongo. Akawaza safari ya bibi harusi kuteremka hadi Mabondeni na jua la utosi. Akachukua sindano ya mfupa, akaketi kizingitini, akaanza kufungua.

Hayakufunguka kwa hiari. Jasho la vidole vya wanawake waliokufa lilikuwa limeyakausha yakawa magumu kama mbegu za ubuyu. Lakini mwanamke mwenye haraka ana nguvu, na kabla ulezi haujakauka juani, yote arobaini yalikuwa yamekwisha. Sehemu ile ya uzi ilibaki imejikunjakunja, kama nywele zilizofumuliwa.

Siku hiyo Mihayo alitoka vitani akaingia harusini moja kwa moja, na hakuna aliyesinzia. Hata Mtemi Lugendo, ambaye sifa zilimtoka kwa shida kama meno, alisema, “Leo hadithi imelika vizuri. Haina mifupa.” Minza alifika kwa mumewe jua likiwa bado la upole, na mama yake akaona alichofanya ni chema.

Mwaka uliofuata Kalunde alitoa uzi ili ayafunge. Mihayo akamzuia. “Ukiyafunga leo, watu watauliza yalikuwa wapi mwaka jana.” Neno hilo lilikuwa na mantiki, na mantiki ya namna hiyo imeua watu wengi kuliko nyoka. Uzi ukarudi kapuni. Mwaka wa tatu hakuna aliyezungumzia tena. Ikapita miaka kumi na mmoja.

Mwaka wa kumi na mbili mvua ilinyesha mpaka vyura wakahamia ndani ya nyumba. Ziwa likapita alama. Asubuhi moja mvua ilipopumzika, Mtemi aliwaita Mihayo na Kalunde, akawaambia wapande.

Njia ya ukutani ilipita Mabondeni. Watu walikuwa wamesimama milangoni wakitazama juu, wengine wameshafunga mizigo. Mihayo akawachekea. “Mnakwenda wapi na magodoro? Injikeni maharage, nendeni mkaendelee na kazi zenu. Kabla hayajaiva lango litakuwa wazi.”

Watu wakacheka kwa nafuu, wakafungua mizigo. Mtu aliyekuchekesha miaka yote hiyo, ni vigumu kumtilia shaka.

Minza alikuwa mlangoni pake, nyumba ya nne kutoka ukutani, na mtoto mchanga kifuani, wawili wakubwa wakimshika kanga.

“Mama, nilikuwa nasema nipande kwa shangazi na watoto, mpaka mmalize.”

Kalunde alitazama ukuta, akatazama njia yenye tope, akamtazama mtoto. Hapo moyo wake ulimgusa, lakini kukubali kwamba umemgusa kungekuwa ni kukubali na jambo jingine.

“Na huyo mchanga kwenye ubaridi huu? Kaa, mwanangu. Tunarudi sasa hivi.”

Wakapanda. Mihayo akaweka mdomo kwenye tundu, akaanza. Ko. Ko. Ko. Sauti ilikuwa tamu kusikia, chuma cha watu waliooza zamani kikimwitikia mtu aliye hai, mstari baada ya mstari, kama wakwe wanaoelewana. Vita vya jitu vikaisha. Mihayo akavuta pumzi, akaingia harusini.

Kimya.

Akarudia mstari. Kimya. Akageuka kumtazama dada yake. Katika Lukumbe yote kulikuwa na msikilizaji mmoja tu ambaye hakuwahi kulala Mtaa wa Usingizi, naye alikuwa amefuliwa kwa chuma.

“Anza upya,” Kalunde akasema. “Weka na majina.”

“Unayakumbuka?”

“Anza.”

Mihayo alikumbuka tisa. Kalunde alifumba macho, akaishika ile sehemu ya uzi iliyojikunjakunja, na pale penye alama ya fundo la zamani vidole vyake vilikumbuka mambo ambayo kichwa kilikuwa kimeyatupa. Jina moja likaja. La pili likaja. Kila walipokosea, sikio lilinyamaza, na Mihayo alianza mwanzo kabisa, mistari mia na ishirini kabla ya kulifikia jina la kwanza. Hadithi haina njia ya mkato, hasa ukiwa umeshaikata. Asubuhi ikaenda hivyo. Adhuhuri walikuwa na majina thelathini na moja. Mvua ikarudi. Jua la alasiri lilipojionyesha kidogo walikuwa na thelathini na sita, sauti ya Mihayo imekuwa kama ya chura, na pembeni, pale ukuta ulipoishia kwenye ukingo wa udongo, maji yalikuwa yameanza kuulamba.

Kalunde akasimama. “Nateremka nikawaambie wahame.”

“Utawaambia nini?”

“Kwamba lango halifunguki.”

“Watauliza kwa nini. Utawaambia tuliyafungua? Mtemi atatutupa ziwani kabla maji hayajatoka humo.”

“Minza yuko chini.”

“Ndiyo sababu ninakwambia kaa.” Mihayo alimshika mkono. Hakuwa anatania tena, na uso wake bila utani ulikuwa uso wa yule mtoto aliyekuwa mgongoni. “Yamebaki manne, dada. Ukiondoka vidole vyako vinaondoka nawe. Nani atanivuta?”

Njia ya kushuka ilikuwa mwendo wa kuchemsha maji ya uji. Kalunde alilijua hilo. Alijua pia kwamba majina manne si mengi mtu akiwa amekwisha kupata thelathini na sita. Miguu yake ikatoka hatua mbili, ikarudi, akakaa. Watu wa Lukumbe walipomhukumu baadaye, walimhukumu kwa kufungua mafundo. Yeye mwenyewe alijihukumu kwa kukaa kule.

La thelathini na saba likaja. La thelathini na nane. La thelathini na tisa lilikuja peke yake, kama mbwa aliyeitwa, “Ng’wasi wa Bundala aliziba maji kwa kifua chake, hakurudi,” na ukuta ukagonga, ko.

La arobaini halikuja.

Kalunde alikaa na uzi mkononi, na maneno ya jina lile la thelathini na tisa yakawa yanamzunguka. Aliziba maji kwa kifua chake. Miaka yote alikuwa akiyapitisha vidoleni kama mtu anayebandua maganda.

“Mihayo, hawa watu walifia hapa.”

“Akina nani?”

“Hawa wa majina. Ndio waliojenga. Wamo humu ukutani.” Aliuweka mkono kwenye chuma. “Wenzao walijua tutawachoka. Wakawafunga kwenye mlango, tusiweze kuufungua bila kuwataja.”

Maji yalikuwa yanapita juu ya ukingo huo wa udongo, mwanzoni membamba kama shuka linaloteremshwa kitandani.

Ndipo Kalunde alipokimbia. Aliteleza, akaanguka, akainuka, akipiga ukelele wa hatari njia nzima. Waliomsikia wa kwanza walikuwa wa upande wa juu wa Mabondeni, nao walikimbia, ndio sababu kuna watu waliobaki kuisimulia habari hii. Alikuwa nusu ya njia wakati ukingo wenyewe, uliosimama tangu milima ingali laini, ulipolala. Maji hayakunguruma kama mnavyofikiri. Yalisikika kama mtu anayevuta pumzi ndefu. Yalimpita Kalunde kwa upande wa mkono wa kushoto, karibu kiasi cha kumlowesha, yakiwa yamebeba miti, na yeye akasimama hapo akiyatazama yakienda nyumbani kwa binti yake, kwa sababu hakukuwa na jambo jingine la kufanya kwa macho.

Mpaka mwisho waliokuwa wamekimbilia mlimani walimsikia Mihayo. Alikuwa amebaki kwenye sikio, anajaribu majina. Alikuwa ameacha kukumbuka, sasa anabahatisha tu, anataja kila jina alilowahi kulisikia bondeni, wanaume, wanawake, watoto, hata ya ng’ombe. Kisha hawakumsikia.

Walikufa watu sitini na watatu. Minza alionekana siku ya tatu. Mumewe na watoto wawili wakubwa walionekana siku ya nne. Yule mchanga hakuonekana.

Kalunde alisimama mbele ya Mtemi Lugendo akaeleza yote, kuanzia ulezi na sindano. Hakumtupia marehemu lawama. Watu walitaka naye atoswe majini. Mtemi akasema, “Nikimuua huyu, na yale thelathini na tisa yanakufa naye.” Akamgeukia. “Mimi ndiye niliyesema haina mifupa. Nenda ukayafunge.”

Basi Kalunde akaishi, na msidhani hiyo ilikuwa huruma. Aliyafunga mafundo thelathini na tisa mahali pake. La arobaini hakulifunga, aliacha nafasi yake wazi, upana wa kidole. Kisha akaongeza uzi mwishoni, akafunga mafundo mengine sitini na matatu, moja kwa kila mtu wa Mabondeni, na mtambaji akatakiwa kuyataja kila mwaka baada ya ile harusi ya binti wa mvua. Ziwa lilikuwa limeshuka na ukingo umevunjika, kwa hiyo lango halikuwa na kazi tena. Lakini sikio lipo vilevile. Chuma kile hakishiki kutu wala hakichoki. Kinasubiri jina moja, na hakuna mtu chini ya jua anayelijua.

Miaka ikaenda. Kalunde akawa bibi wa kutembelea fimbo, bado anashika uzi. Watambaji wawili walipita mikononi mwake, wa tatu akawa msichana mmoja jina lake Holo, mcheshi, mwenye sauti ya kumtoa nyoka pangoni. Watu walimpenda kama walivyompenda Mihayo. Mwaka wake wa pili, baada ya kutamba, alimletea Kalunde ugali na mlenda, akamnawisha mikono, akakaa chini karibu na miguu yake.

“Bibi, nina neno, ila usinipige.”

“Kwa mkono upi? Sema.”

“Yale majina ya mwishoni. Ya Mabondeni. Nayataja, naona watu wanapiga miayo. Watoto wanalala kabisa. Sisemi tuyaache, hapana. Nasema tuyapunguze. Tutaje kumi, halafu tuseme, na wengine wengi.”

Kalunde alitafuna, akameza. “Tungeanza kupunguza lipi?”

Holo akafurahi kwamba hakukaripiwa. Akauchukua uzi mapajani mwa bibi, akahesabu kwa vidole vyepesi, midomo ikicheza, mpaka akafika karibu na mwisho.

“Kama hili. ‘Mtoto wa Minza, wa siku tisa, hakuwa amepewa jina, hakutoka.’ Hata jina hana, bibi. Mstari mzima wa nini?”

Alisema bila ubaya wowote. Alikuwa amezaliwa muda mrefu baada ya maji, na Minza kwake lilikuwa jina kama Ngolo, kama Kabula, mtu aliyebeba jiwe. Kalunde alimtazama, akaona kwamba ana haki ya kuchoka, kwamba watoto wa watoto wake watachoka zaidi, na kwamba siku moja mtu mwema mwenye haraka ataketi kizingitini na sindano ya mfupa. Aliunyosha mkono wake, akauweka juu ya vidole vya msichana, hapo hapo vilipokuwa, juu ya lile fundo dogo.

“Mjukuu wangu,” akasema, “fundo usilolifunga, usilifungue.”